Kompyuta Yako Inasubiri Nini? Majibu kwa Wasomaji Wanaocheza Michezo ya Mikakati

Safari hii tumeziweka kando barua za simu na printa, kwa sababu barua tatu zilizotufikia kutoka Masasi, Lindi na Newala zinauliza, kila moja kwa njia yake, jambo lilelile: kwa nini mchezo wa mikakati, ambao hauna mbio za magari wala milio ya risasi mfululizo, huielemea kompyuta kuliko mtu anavyotarajia. Barua ya mwalimu wa Masasi tumeipa nafasi kubwa, kwa kuwa ameeleza tatizo lake kwa umakini ambao mafundi wengi hutamani wangeuona kwa wateja wao.

Swali

Ndugu Mhariri, mimi ni mwalimu wa sekondari hapa Masasi. Mwaka jana, baada ya mauzo ya korosho, nilinunua kompyuta mpakato iliyotumika, yenye prosesa (ubongo wa kompyuta) ya Core i5 ya kizazi cha 6, RAM (kumbukumbu ya muda) ya gigabaiti 4 na diski ya kawaida ya gigabaiti 500. Jioni, nikishamaliza kusahihisha madaftari, hucheza Civilization VI, mchezo wa kujenga dola kwa zamu, ulionivutia zaidi nilipogundua kwamba mchezaji anaweza kujenga Kilwa Kisiwani ndani yake. Lakini kufungua mchezo niliouhifadhi huchukua karibu dakika saba. Nikifika zamu ya 150, kila ninapomaliza zamu yangu hulazimika kungoja zaidi ya dakika moja kabla ya kurudishiwa nafasi ya kucheza. Ramani nayo hukwamakwama ninapoisogeza, hasa karibu na pwani. Nimeshusha mipangilio yote ya michoro hadi chini kabisa, na bado muda wa kungoja kati ya zamu na zamu haujapungua hata kidogo. Fundi mmoja ameniambia dawa ni kununua kompyuta nyingine. Je, ni kweli?

*Mwalimu, Masasi*

Jibu

Mwalimu, usinunue kompyuta nyingine kwa sasa. Katika barua yako umetaja subira tatu, na fundi wako amezichanganya kuwa ugonjwa mmoja. Dakika saba za kufungua mchezo zina mkosaji wake, dakika moja kati ya zamu na zamu ina mkosaji mwingine, na kukwamakwama kwa ramani kuna wa tatu. Ndiyo maana ulishusha michoro yote na zamu zikabaki vilevile: ulimwadhibu asiyehusika.

Anza kwa kupima. Zima kompyuta kabisa, iwashe, ingoje kama dakika tano ili Windows imalize shughuli zake za mwanzo, kisha fungua mchezo uleule uliouhifadhi huku umeshika saa. Kuzima kwanza kuna maana yake, kwa sababu Windows huyahifadhi kwenye RAM baadhi ya mafaili iliyoyasoma muda mfupi uliopita, na ukifungua mchezo mara ya pili bila kuzima utapata muda mfupi wa kukudanganya. Andika muda wa kufungua, kisha muda wa zamu tatu zinazofuatana, katika daftari. Kila badiliko utakalolifanya baadaye, lifanye moja tu kwa wakati mmoja, kisha upime tena kwa mchezo uleule. Wewe ni mwalimu, na nadhani huhitaji kuelezwa kwa nini mwanafunzi anayebadilisha vitu vitano katika jaribio moja la maabara hajui lililoleta jibu.

Wakati mchezo unafunguka, bonyeza kwa pamoja vitufe vya Ctrl, Shift na Esc. Litatokea dirisha linaloonyesha kiasi ambacho prosesa, RAM na diski vinatumika. Ukiona diski imefika asilimia 100 na inakaa hapo huku prosesa ikizunguka kwenye asilimia 20 au 30, kinachochelewesha ni diski. Ukiona RAM imepita asilimia 90, basi nayo imo katika kesi. Jihadhari na kosa moja katika kusoma namba ya prosesa. Prosesa nyingi za Core i5 za kizazi cha 6 zilizomo katika kompyuta mpakato nyembamba zina viini (sehemu za kukokotoa) viwili ambavyo Windows huviona kama vinne, kwa hiyo kazi moja inayoweza kufanywa na kiini kimoja tu huonekana kama asilimia 25, na mtu hudhani prosesa imepumzika ilhali kiini kimoja kinavuja jasho na vingine vinamtazama.

Kwa maelezo yako, nina hakika kwamba diski ndiyo itakayoonekana imejaa kwenye kipimo cha kwanza. Diski ya kawaida ya kompyuta mpakato ina sahani inayozunguka, mara nyingi kwa mizunguko 5,400 kwa dakika, yaani 90 kwa sekunde. Kila inapotakiwa kusoma faili lililo mahali pengine, mkono wake lazima usogee, kisha ungoje sehemu inayotakiwa ipite chini yake, na kungoja huko peke yake huchukua kwa wastani kama milisekunde 5.6, bila kuhesabu muda wa mkono kusogea. Ukijumlisha yote, diski hiyo hufanya safari 60 au 70 tu za namna hiyo kwa sekunde. Mfananishe na mchukuzi katika ghala la korosho. Magunia yakiwa yamepangwa safu moja mlangoni, atayatoa haraka na gari litaondoka mapema. Lakini ukimpa orodha ya magunia mia tano, kila moja likiwa kona yake, muda wake wote utakwisha kwa kutembea. Mchezo wa mikakati unapofunguka huomba magunia ya aina hiyo ya pili: picha za ardhi, maumbo ya askari na majengo, sauti, na majedwali ya kanuni zote za mchezo, kwa maelfu ya vipande vidogo.

Diski ya SSD haina sahani wala mkono, na kulifikia faili popote lilipo huichukua sehemu ndogo sana ya milisekunde. Ya aina ya SATA, ambayo ndiyo inayoingia bila matatizo mahali pa diski yako ya sasa, husoma hadi megabaiti 550 hivi kwa sekunde. Zipo za NVMe zinazosoma megabaiti 3,500 na zaidi, lakini kwa kazi yako usizihangaikie. Baada ya mafaili kusomwa, prosesa ina kazi ya kuyafungua na kuyapanga, na hapo ndipo muda uliobaki utakapotumika, hata ukiwa na diski ya bei mbaya namna gani. Gigabaiti 240 zitatosha kwa Windows na mchezo wako, na zote mbili ziwe humo, kwa kuwa ukiiacha Windows kwenye diski ya zamani utakuwa umetibu nusu ya mgonjwa. Diski ya zamani itie katika kisanduku cha USB uhifadhie picha na mitihani.

Sasa RAM. Gigabaiti 4 ndicho kiwango cha chini kilichotajwa na watengenezaji wa mchezo huu, na 8 ndicho walichokipendekeza. Tatizo la kompyuta kama yako ni kwamba haina kadi ya grafiki inayojitegemea. Sehemu ya michoro imo ndani ya prosesa, nayo hukopa RAM ileile. Windows ikishachukua fungu lake na michoro ikachukua lake, mchezo hubakiwa na nafasi isiyoutosha, na Windows huanza kuhamishia sehemu ya RAM kwenye diski, diski ileile inayotembea polepole. Huko ndiko hutoka kukwama kwa ghafla kwa sekunde mbili tatu, ambako watu wengi hukulaumu kwenye michoro.

Ukiongeza RAM, ongeza kwa vipande viwili vinavyolingana, vya gigabaiti 4 kila kimoja, badala ya kipande kimoja cha 8. Prosesa yako husoma vipande viwili kwa wakati mmoja kupitia njia mbili. Kwa RAM ya DDR4 ya kasi ya 2133, njia moja hupitisha kama gigabaiti 17 kwa sekunde, na mbili hupitisha 34. Kwa kompyuta yenye kadi yake ya grafiki tofauti hiyo haionekani sana, lakini kwa yako, ambayo michoro inategemea RAM hiyohiyo, ni badiliko utakaloliona kwa macho wakati wa kusogeza ramani. Kabla ya kulipa, fungua mfuniko wa chini, au umwombe fundi aufungue mbele yako, uhakikishe kwamba nafasi ni mbili na uone aina iliyomo. Prosesa za kizazi cha 6 zilitengenezwa ziweze kutumia DDR4 au DDR3L, kutegemea ubao wa kompyuta. Vipande hivyo haviingiliani, kwani hata kikato cha kwenye meno yake kiko mahali tofauti. Nimeona zaidi ya mtu mmoja hapa Mtwara aliyeagiza RAM kutoka Dar es Salaam kwa kusoma jina la prosesa peke yake, ikafika kwa basi, na ikarudi kwa basi.

Subira ya pili, ile ya kati ya zamu na zamu, haiguswi na SSD wala na michoro. Unapomaliza zamu, prosesa inawachezea wapinzani wako wote kwa niaba yao: kila askari aamuliwe aende wapi na kwa njia ipi, kila mji ujenge nini, nani afanye biashara na nani. Kazi hiyo hukua kadiri ramani inavyojaa, ndiyo maana zamu ya 10 ni nyepesi na ya 150 ni nzito. Kinachoipunguza ni ukubwa wa dunia unayoichagua mwanzoni, na hapa hesabu inasema wazi. Ramani kubwa kuliko zote katika Civilization VI ina vigae (viraka vya ramani) 106 kwa 66, yaani 6,996, na kwa kawaida huja na wachezaji 12. Ramani ya kati ina 84 kwa 54, yaani 4,536, na wachezaji 8. Ile ndogo ina 74 kwa 46, yaani 3,404, na wachezaji 6. Ukihama kutoka ile kubwa hadi ile ndogo unapunguza zaidi ya nusu ya ramani na nusu ya wachezaji kwa pamoja. Mchezo ulioanza huwezi kuupunguzia ramani, kwa hiyo huo wa zamu ya 150 umalize kwa subira au uuache. Lakini unaofuata uanze kwenye ramani ndogo. Washa pia mipangilio inayoruka maonyesho ya askari wakitembea na kupigana, kwa kuwa sehemu ya dakika yako moja ni sinema ya vita vya watu wengine.

Mtu anayetaka kupunguza mzigo zaidi hupunguza idadi ya majiji huru, yale yasiyo ya mchezaji yeyote. Hilo ni sahihi, lakini wewe unayejenga Kilwa Kisiwani usiyafute yote. Kilwa Kisiwani ni mojawapo ya "maajabu", majengo maalumu ya mchezo huu; iliingia na nyongeza ya mchezo iliyotoka mwaka 2018, hukupa wajumbe watatu wa kupeleka kwenye majiji huru, na faida zake zinazofuata zinategemea kuwa mlezi wa majiji hayo. Bila majiji huru utakuwa umejenga magofu mapema mno. Aliyeiweka Kilwa katika mchezo alielewa kwamba nguvu ya mji ule ilitokana na uhusiano wake na bandari nyingine, na sisi wa mikoa hii ya kusini, tuliokwenda kuyaona magofu yenyewe kwa mashua kutoka Kilwa Masoko, tunaruhusiwa kuona fahari kidogo.

Kuhusu ramani kukwama karibu na pwani, hukukosea kuona hivyo. Maji ni ghali kuchora. Ardhi hutulia, lakini maji husogea, hung'aa, na huakisi vilivyo juu yake, na kila uakisi ni kazi ya ziada kwa sehemu ya michoro. Hata hivyo, umeshusha kila kitu chini kabisa, na sipendi sana njia hiyo, kwa sababu umepoteza uzuri mwingi kwa faida ndogo. Rudisha picha za ardhi kwenye ubora wa kati, kisha ushughulikie mambo manne tu. La kwanza ni idadi ya pikseli, yaani nukta zinazounda picha, ambayo ndiyo yenye uzito kuliko yote. Skrini ya 1920 kwa 1080 ina pikseli 2,073,600, na ukiuweka mchezo kwenye 1280 kwa 720 unabaki na 921,600, chini ya nusu. Maandishi yatakuwa na ukungu kidogo, na ikikuudhi jaribu 1600 kwa 900. La pili ni ulainishaji wa kingo, uuzime kabisa. La tatu ni vivuli: ili kuvipata, kompyuta huichora dunia mara nyingine tena kana kwamba inaitazama kutoka kwenye jua, kwa hiyo vizime au uviache vya chini. La nne ni maji na uakisi wake, viwe vya chini. Viongozi wanaokusalimu kwa ishara za mikono unaweza pia kuwapunguza ubora, ingawa sijui nani atapenda kuzungumza mapatano na sanamu.

Mchezo huu pia una mwonekano wa ramani bapa, ambao vitu vyote huchorwa kama alama kwenye karatasi. Kitufe chake kiko karibu na ramani ndogo ya pembeni. Wachezaji wazoefu huutumia hata wakiwa na kompyuta zenye nguvu, kwa sababu unaonyesha rasilimali na mipaka wazi zaidi. Zamu za mwishoni, ambapo hujali tena uzuri wa mlima, zichezee humo. Na mchezo unapoanzishwa ukakupa chaguo la DirectX 11 au 12, yaani njia ambayo mchezo huwasiliana na sehemu ya michoro, jaribu zote mbili kwa saa. Kwa michoro iliyo ndani ya prosesa za umri huo, mara nyingi 11 ndiyo iliyotulia zaidi.

Kuna jambo moja ambalo hukulitaja, nami nalishuku kwa kila kompyuta mpakato iliyotumika inayofika kwetu. Je, mchezo huwa mwepesi kwa dakika kumi au kumi na tano za mwanzo, kisha unakuwa mzito? Kama ndivyo, kompyuta inapata joto. Prosesa ikikaribia nyuzi 100 hujipunguzia kasi yenyewe ili isiungue, na hakuna mpangilio wa mchezo utakaoizuia. Kwa joto la Novemba la huku kwetu, kompyuta iliyowekwa juu ya godoro haina pa kutolea pumzi. Iweke mezani, uinyanyue upande wa nyuma kwa vipande viwili vya mbao, na mara moja kwa mwaka isafishwe feni na kubadilishiwa pesti ya kupitisha joto juu ya prosesa. Fundi mwangalifu huimaliza kazi hiyo kwa saa moja. Tazama na chaja. Kompyuta nyingi za mtumba huuzwa na chaja iliyookotwa popote, na baadhi ya kompyuta zikigundua kwamba chaja ina wati chache kuliko zinavyohitaji, kwa mfano 45 mahali pa 65, hushusha kasi ya prosesa bila kumwambia mtu. Wati zinazotakiwa hupatikana kwenye maandishi ya chini ya kompyuta au katika kitabu chake. Usicheze pia kwa betri huku mpangilio wa kuokoa umeme ukiwa umewashwa.

Ukiwa na fedha za kifaa kimoja tu, nunua RAM kwanza, ujipime, kisha SSD mwezi unaofuata. Najua wengi wangekuambia kinyume, na kwa mwenye gigabaiti 8 tayari ningesema hivyohivyo. Lakini mchezo wenye njaa ya RAM utaitesa hata SSD mpya.

Swali

Mhariri, baada ya salamu. Mimi na mdogo wangu tunaendesha kibanda cha michezo ya kompyuta hapa Lindi mjini. Tuna kompyuta nne nyembamba za mezani, zilizotoka maofisini. Vijana hucheza pamoja Age of Empires II, lile toleo la 2019. Moja kati ya kompyuta hizo ni dhaifu, na cha kushangaza ni kwamba ikiwa mchezoni, mchezo unakuwa mzito kwa wote wanne. Nimepata muuzaji mtandaoni wa kadi ya grafiki ya GTX 1050 Ti kwa bei ya chini sana. Nimnunulie yule mgonjwa?

*Dada wa kibanda, Lindi*

Jibu

Dada yangu, unalolishangaa ni maumbile ya mchezo wenyewe. Katika Age of Empires kompyuta hazitumiani picha ya vita. Kila moja inaikokotoa vita nzima peke yake, kuanzia mkulima hadi tembo, na kinachopita kwenye waya ni amri tu za wachezaji. Ili vita vifanane kwenye skrini zote, kompyuta zote lazima zipige hatua kwa pamoja, na hatua inayofuata haianzi mpaka ya mwisho imalize. Ni kama wavuvi wanaovuta kokoro: kamba huja kwa kasi ya aliyechoka.

Kwa hiyo uliza kwanza huyo dhaifu amechoka wapi. Kwenye kompyuta hiyo shusha ubora wa michoro hadi mwisho, kisha wachezeshe vijana vita vikubwa. Mchezo ukiwa mwepesi, tatizo ni michoro, na kadi itasaidia. Ukibaki mzito, prosesa ndiyo imeshindwa, na kadi hiyo itakuwa pambo. Angalia pia kama kompyuta hiyo imewekewa lile fungu la ziada la michoro ya ubora wa juu, ambalo hutolewa bure pamoja na mchezo lakini halilazimiki. Liondoe, utapata nafasi kubwa kwenye diski na mchezo utafunguka mapema. Kisha punguza kikomo cha watu kutoka 200 hadi 100 kwa kila mchezaji. Kwa wachezaji wanne hiyo ni kushuka kutoka 800 hadi 400, na vijana wakigoma waambie vita vitakwisha kabla ya Magharibi na zamu yao itarudi haraka.

Kama ni michoro kweli, GTX 1050 Ti ni kadi nzuri kwa umri wake. Ilitoka mwaka 2016, ina gigabaiti 4, na hutumia wati 75, ambazo ndizo nafasi ya kadi kwenye ubao inaruhusiwa kutoa, hivyo nyingi hazihitaji waya wa ziada wa umeme. Lakini kompyuta nyembamba za ofisini zina mitego yake: hazipokei kadi ya kimo cha kawaida, na baadhi ya watengenezaji waliziwekea kikomo cha umeme kilicho chini ya wati 75. Pima kimo cha nafasi kwa rula na usome kitabu cha kompyuta kabla ya kutuma fedha. GT 1030, ya wati 30, inaweza kukufaa zaidi, ila iko ya namna mbili zenye jina moja: yenye RAM ya GDDR5 hupitisha gigabaiti 48 kwa sekunde, na yenye DDR4 haifiki 17. Muuzaji asiyejua tofauti hiyo atakuuzia ya pili kwa bei ya kwanza.

Na hiyo "bei ya chini sana" inanitia wasiwasi. Zimo sokoni kadi za zamani zilizobadilishwa programu yake ya ndani ili zijitambulishe kwa jina la 1050 Ti. Programu ya bure iitwayo GPU-Z huzitambua nyingi na kuziandika kuwa bandia. Mwombe muuzaji akupigie picha ya skrini ya programu hiyo, yenye tarehe, kabla ya malipo. Akikuzungusha, umeshapata jibu.

Swali

Mzee wa safu hii, shikamoo. Mimi ni kijana wa Newala. Rafiki yangu amenipa kwa flashi mchezo wa mikakati pamoja na programu ya "kuongeza kasi ya gemu". Tangu niviweke, kompyuta imekuwa nzito hata mchezo ukiwa umefungwa, na feni halinyamazi. Je, niishughulikie diski kwa kutumia ile kazi ya Windows ya kupanga upya mafaili?

*Kijana, Newala*

Jibu

Marahaba, mwanangu. Kupanga upya mafaili ni kwa diski ya kuzunguka tu, na Windows huifanya yenyewe kwa ratiba. SSD haiihitaji. Lakini hilo silo tatizo lako.

Feni linalovuma wakati hufanyi kitu maana yake kuna kitu kinachofanya kazi bila wewe. Fungua lile dirisha nililomweleza mwalimu wa Masasi, bonyeza juu ya safu ya prosesa ili programu zijipange kuanzia inayokula zaidi, na utazame iliyo juu. Michezo ya wizi inayozunguka kwenye flashi mara nyingi hubeba programu iliyojificha inayotumia kompyuta yako kuchimba sarafu za kidijitali kwa faida ya mtu mwingine, na nyingine hujizima mara tu dirisha hilo linapofunguliwa, kwa hiyo feni likinyamaza ghafla pale unapotazama, shuku zaidi. Ondoa mchezo huo na hiyo programu ya kasi. Programu za namna hiyo, hata zile zisizo na nia mbaya, hazifanyi zaidi ya kufunga programu nyingine ambazo ungezifunga mwenyewe. Kisha endesha ukaguzi wa Microsoft Defender uitwao "Offline scan", ule unaofanyika kompyuta ikiwa imejiwasha upya kabla Windows haijaamka. Ukiona uzito unarudi, okoa mafaili yako ya shule na uweke Windows upya.

Kama shida ni fedha, upo mchezo uitwao 0 A.D., wa bure kihalali, ambao msimbo wake uko wazi kwa yeyote. Unafanana kwa namna na Age of Empires, na kati ya falme zake wamo Wakushi wa bonde la Nile. Nao huchoka askari wanapozidi, kwa sababu sehemu kubwa ya ukokotoaji wake hutegemea kiini kimoja cha prosesa, kwa hiyo anza na mpinzani mmoja, kikomo cha watu 100, ramani ndogo, na vivuli vikiwa vimezimwa. Upakue kutoka tovuti ya watengenezaji wenyewe, Wildfire Games, na kama bando halitoshi nyumbani, mwombe rafiki yuleyule akuletee kwa flashi, mradi safari hii mhakikishe kwamba faili limetoka huko.